Jinsi ya kupata nakala ya amri ya mahakama yenye mhuri wakati kesi yako ya madai bado inaendelea (Mbeya, Iringa na mikoa jirani)

Mimi nachapa barua na nyaraka za watu jirani na mahakama hapa Mbeya mjini, sio wakili, ila karatasi nimeziona nyingi mpaka nikiangalia tu mhuri najua huyu atarudishwa au hatarudishwa. Na swali linalokuja kila wiki ni lile lile: mtu kapata amri ya zuio, hakimu kasoma wote wanasikia, ametoka nje kapiga simu kijijini kule Rungwe kwamba jamani waambieni waache kukata ile miti ya parachichi, halafu mwenyekiti wa kijiji anajibu sawa, karatasi iko wapi? Karatasi hana. Na anayekata anaendelea kukata.

Kisheria amri inaanza kufanya kazi pale pale inapotolewa, hilo halina ubishi. Lakini benki, ofisi ya ardhi, mtendaji wa kata, polisi na dalali wa mahakama, hao wote hawakuwepo chumba cha mahakama, wao wanataka kuona karatasi yenye saini na mhuri. Na karatasi hiyo haikufuati nyumbani. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, inasema nakala zilizothibitishwa za hukumu na tuzo (ile karatasi fupi inayotaja kilichoamuliwa mwisho wa kesi) wanapewa wadaawa, yaani pande za kesi, wakiomba na kwa gharama yao, na amri ndogo ndogo za katikati ya kesi nazo masijala, ile ofisi inayotunza majalada, wanakwenda hivyo hivyo, yaani usipoomba utakaa hapo benchi la nje mpaka baridi ya Juni ikukute na kukuacha.

Kwanza ujue unaomba karatasi gani

Hapa ndo watu wengi wanapoteza nauli. Kesi ya madai ikiwa inaendelea kuna karatasi kama tatu zinazofanana fanana. Kuna uamuzi mdogo, hiyo ni kurasa kadhaa hakimu anaeleza mleta maombi alisema nini, mjibu maombi alijibu nini, na kwa nini yeye ameamua hivi. Kuna amri yenyewe, mara nyingi ukurasa mmoja au miwili, inasema tu nini kimeamriwa na nani anatakiwa afanye au asifanye nini. Halafu kuna mwenendo wa shauri, hayo ni maandishi ya yale yaliyotokea mahakamani tarehe moja baada ya nyingine. Kesi ikiisha ndo unakuja kwenye hukumu na tuzo.

Ukienda ofisi ya ardhi au benki na uamuzi wa kurasa kumi na mbili, yule dada wa kaunta hatasoma, atakuambia leta amri. Ukienda mahakama ya juu na amri tupu bila uamuzi, nako utakwama. Kwa hiyo mimi nawaambia watu waombe vyote viwili kwenye barua moja, ukishaandika barua kuongeza mstari mmoja hakuhitaji ujuzi wowote.

Sasa kuna amri nyingine ambazo hazina karatasi yake kabisa. Mfano siku kesi imetajwa, wakili wa upande wa pili kaomba muda, hakimu akasema hali ya shamba ibaki kama ilivyo mpaka tarehe fulani, akaandika kwenye jalada, basi, mkaondoka. Hiyo imelala ndani ya mwenendo. Ukienda masijala kuuliza "amri yangu imetoka?" watakuambia hakuna, na hawadanganyi. Inabidi uombe kwa maandishi kwamba amri iliyotolewa tarehe fulani mbele ya hakimu fulani iandaliwe, isainiwe na upewe nakala. Taja tarehe, usiseme "ile amri ya juzi".

Unaiomba wapi

Pale jalada lilipo, sio penginepo. Mahakama ya mwanzo unaandika kwa hakimu wa pale pale. Mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi barua inakwenda kwa Hakimu Mfawidhi. Mahakama Kuu inakwenda kwa Naibu Msajili. Kama mgogoro uko Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya basi kwa Mwenyekiti wa baraza. Mahakama Kuu Mbeya inahudumia Mbeya na Songwe, Iringa inahudumia Iringa na Njombe, kwa hiyo mtu wa Makambako hata kama basi la Mbeya ndo amelizoea, Mahakama Kuu yake iko Iringa. Ruvuma wana Songea, Rukwa na Katavi wana Sumbawanga.

Jambo la kuuliza kabla hujaandika chochote: jalada liko hapa? Maana kama mwenzio amekata rufaa au ameomba marejeo, jalada linaweza kuwa limeitwa juu, na wewe unazunguka Vwawa kumbe faili liko Mbeya mjini wiki ya tatu hii. Nenda na namba ya kesi kamili, ile ndefu ya mfumo pamoja na majina ya pande zote mbili. Jina peke yake huku kwetu halitoshi, majina mengi yanaanza na Mwa na karani anaweza kukutolea kesi ya mtu mwingine kabisa ambaye naye anagombania kiwanja Uyole.

Barua

Barua isiwe ndefu. Watu wananiletea kurasa tatu za malalamiko, jinsi shemeji alivyomgeuka, jinsi hakimu alivyokuwa anamwangalia. Hayo hayahusiki. Andika hivi:

Jina lako kamili, anuani, namba ya simu. Tarehe.
Hakimu Mfawidhi, Mahakama ya Wilaya ya (jaza).
YAH: MAOMBI YA NAKALA ZILIZOTHIBITISHWA, SHAURI LA MADAI NAMBA (jaza), (jina la mdai) DHIDI YA (jina la mdaiwa)
Rejea kichwa cha habari hapo juu. Mimi ni mdai katika shauri hili. Tarehe (jaza) mahakama yako mbele ya Mheshimiwa (jaza) ilitoa uamuzi na amri kuhusu (zuio la muda, kuunganisha mdaiwa mwingine, au chochote kilichokuwepo). Naomba nipatiwe nakala zilizothibitishwa za (1) uamuzi, (2) amri, (3) mwenendo wa shauri hadi tarehe hiyo. Naomba nakala (idadi). Nipo tayari kulipa ada inayohitajika kisheria.
Saini.
Nakala: mdaiwa au wakili wake.

Basi. Idadi ya nakala usione aibu kuandika nne au tano, moja ya kwako haitoki nyumbani, moja ya mtendaji, moja ya benki au ardhi, moja ya wakili. Kuomba tano siku moja ni rahisi kuliko kuomba moja moja. Ila mwenendo kama huuhitaji sasa hivi usiuweke, kuchapa mwenendo ndo kunakochelewesha, na wakati mwingine amri yako ya ukurasa mmoja inakaa mezani inasubiri kurasa sitini za mwenendo ambao hata hukuwa na kazi nao. Kama unakwenda mahakama ya juu ndo uweke.

Chapa barua mbili. Moja unaiacha, ya pili inagongwa mhuri wa kupokelewa na tarehe, unaondoka nayo. Hii ya pili ndo mali kuliko kitu chochote kwenye hiki nilichoandika, na nitaeleza kwa nini huko chini. Karani akisema "we acha tu, nitakumbuka", mwambie kwa heshima, naomba unigongee dada yangu, mzee wangu, vyovyote unavyomwita, lakini mhuri ugongwe. Yeye atakumbuka leo, kesho kutwa atahamishiwa Chunya.

Siku hizi kuna mfumo wa kielektroniki wa mahakama wa kuendesha kesi, huu mpya ulianza mwishoni mwa 2023, na wakili wako anaweza kuomba kupitia huko huko bila kufika. Kama huna wakili unaweza kuwa na akaunti yako mwenyewe. Ila sikiliza, ukifunguliwa akaunti steshenari hakikisha namba ya simu ni ya kwako na nywila unaijua wewe, maana ujumbe wa kesi unaenda kwenye hiyo namba, nimeona watu ambao ujumbe wao wote unaingia kwa kijana wa steshenari ambaye alishaacha kazi yuko Tunduma anauza viatu. Na hata ukiomba mtandaoni, printi ukurasa unaoonyesha tarehe uliyowasilisha, utunze.

Malipo

Kama kuna ada utapewa kontrol namba, unalipa kwa simu au benki au wakala, unapata risiti ya serikali. Hela mkononi hapana, hata akisema ni ya karatasi, hata akisema wino umeisha. Ukiona mtu anakuzungusha makusudi ili utoe kitu kidogo, namba ya bure ya TAKUKURU ni 113. Mimi sisemi kila karani yuko hivyo, wengi wana mzigo mkubwa tu na kompyuta chache, lakini ukimzoesha mmoja hela ya chai basi anayekuja nyuma yako bila hela ndo kaumia.

Kabla hujatoka kaunta, soma

Usikunje karatasi ukaweka mfukoni ukakimbilia hais ya Tukuyu. Simama pale pale dirishani usome. Angalia jina la mahakama, namba ya kesi, majina herufi kwa herufi kama yalivyo kwenye hati ya madai, tarehe ambayo amri ilitolewa, jina la hakimu au jaji, saini yake, na lakiri, yaani mhuri rasmi wa mahakama. Kwenye nakala kunatakiwa kuwe na maneno kwamba ni nakala halisi, saini ya aliyethibitisha, jina na cheo chake, tarehe na mhuri. Sheria ya Ushahidi, Sura ya 6, ndo inavyotaka kwa nyaraka za umma, mtunzaji wa nyaraka ndiye anayethibitisha. Kama mhuri umegongwa ila hakuna saini ya mtu, rudisha.

Tarehe ndo inaleta balaa zaidi. Tuzo inatakiwa ibebe tarehe ile ile hukumu iliposomwa, sio tarehe iliyochapwa, sio tarehe uliyokuja kuchukua. Rufaa zimeshatupwa kwa sababu ya hiyo tofauti, mtu kahangaika miaka halafu anaambiwa tarehe hazioani. Kwenye amri pia angalia maelezo ya mali: hekari, mipaka, kitalu namba ngapi, kijiji gani. Zuio lililoandikwa "shamba la mdai lililopo Kiwira" bila mipaka, yule jirani atakuambia mimi nalima upande wa pili.

Ukikuta kosa la uchapaji, jina limekosewa au hesabu haiko sawa, mahakama ina mamlaka ya kurekebisha makosa ya namna hiyo wakati wowote, unaandika barua nyingine ukiambatanisha ile yenye kosa na kuonyesha kosa liko mstari gani. Usijisahihishe mwenyewe kwa kalamu, hata kama ni herufi moja, hapo umeshaharibu nyaraka. Lakini kama unachotaka kurekebisha ni maana ya amri yenyewe, yaani hukubaliani na alichoamua hakimu, hiyo sio kazi ya barua.

Kitu kingine: wakili wa mtaani hawezi kukugongea mhuri wa nakala halisi kwenye fotokopi ya amri ya mahakama ukategemea ipokelewe. Vyeti vya shule sawa, anagonga kila siku. Amri ya mahakama inathibitishwa na mahakama yenyewe iliyo na jalada. Vivyo hivyo na uamuzi ulioprinti kutoka TanzLII, ule mtandao unaweka hukumu na maamuzi ya Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufani bure kabisa na mimi nautumia sana, ni mzuri kusoma na kujua kilichoamuliwa, ila haina saini wala lakiri, benki wataitazama tu na kukurudishia.

Muda, na ile barua yenye mhuri wa kupokelewa

Haya sasa. Amri nyingi za katikati ya kesi huwezi kuzikatia rufaa, sheria imezuia rufaa kwa amri ambayo haijamaliza shauri, utasubiri mpaka mwisho. Lakini ikiwa amri imemaliza kesi, mfano imefutwa kwa pingamizi la awali (hoja ya kisheria inayotolewa mwanzoni kabla ushahidi haujasikilizwa), saa inaanza kuhesabu siku ile ile. Kesi ya madai iliyoanzia mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi, kwenda Mahakama Kuu una siku 90. Kutoka Baraza la Ardhi na Nyumba ikiwa shauri lilianzia hapo, siku 45. Na kwenye hizo unatakiwa uambatanishe nakala, kwa hiyo Sheria ya Ukomo, Sura ya 89, inatoa ule muda uliokuwa unasubiri nakala, hauhesabiwi. Utaonyeshaje kwamba ulikuwa unasubiri? Kwa barua yako yenye mhuri wa kupokelewa, na kumbukumbu ya siku uliyokabidhiwa. Mtu aliyeomba kwa mdomo hana cha kuonyesha, hata kama kila Jumatatu alikuwa anapanda basi kutoka Kyela.

Sasa mtego uko mahakama ya mwanzo. Kesi iliyoanzia mwanzo, rufaa kwenda wilaya ni siku 30, na hapo sheria hailazimishi kuambatanisha nakala ya hukumu. Maana yake huwezi kusema "nilikuwa nasubiri nakala". Andika sababu zako za rufaa upeleke ndani ya siku 30, nakala itafuata. Na ukishindwa wilayani ukataka kwenda Mahakama Kuu, ni siku 30 tena, na hiyo rufaa unaifungua pale pale mahakama ya wilaya iliyoamua, sio kupanda moja kwa moja masijala ya Mahakama Kuu. Wanaokosea hapo ni wengi mno.

Ukiwa unatoka Mahakama Kuu kwenda Mahakama ya Rufani, taarifa ya kukata rufaa ni ndani ya siku 30, na barua ya kuomba nakala za mwenendo, hukumu na tuzo nayo ndani ya siku 30 tangu uamuzi, na nakala ya hiyo barua umpelekee mpinzani wako. Usipompelekea, hata kama mahakama waliipokea, hutapata cheti cha kuondoa siku za kusubiri. Kanuni zinamtaka Msajili awe ameandaa mwenendo ndani ya siku 90 tangu uombe, na kama hujaambiwa kitu una siku 14 baada ya hizo 90 za kwenda mwenyewe kufuatilia. Sio kukaa Mafinga unapasua mbao unasubiri simu. Huku juu lakini tafuta wakili, mimi nakuambia ukweli, na kama huna uwezo ulizia wasaidizi wa kisheria, sheria ya msaada wa kisheria ya 2017 inawatambua. Wiki ya Sheria, mwishoni mwa Januari kuelekea Februari, mahakama huwa zinatoa ushauri na elimu bure, nenda na karatasi zako zote kwenye mfuko usisimulie kwa mdomo.

Ikichelewa

Andika barua ya kukumbushia, ukitaja tarehe ya ile ya kwanza na kuambatanisha fotokopi yake. Nayo igongwe. Baada ya hapo omba kumuona Hakimu Mfawidhi au Naibu Msajili, wana utaratibu wa kuona watu, na kwenye kesi inayoendelea unaweza pia kusimama siku ya kutajwa ukasema mheshimiwa, niliomba nakala ya amri tarehe fulani sijapata, hakimu ataandika kwenye jalada. Watu wanaiogopa hii, wakati ndo njia ya mkato kuliko zote. Ukumbuke tu Mahakama Kuu ina likizo kuanzia 15 Disemba mpaka 31 Januari, mambo yanakwenda taratibu, usiache maombi yako mpaka wiki ya Krismasi.

Kama huwezi kufika mwenyewe, mtume mtu na barua ya kumtambulisha yenye saini yako, namba ya kesi na kitambulisho chake. Muulize karani kabla kama atampa, wengine wanataka wakupigie simu kwanza.

Ukishaipata

Zuio la muda lina mwisho. Kwa Amri ya 37 ya ile Sura ya 33, mahakama inalitoa kwa kipindi kisichozidi miezi 6, na linaweza kuongezwa ila jumla isivuke mwaka mmoja. Kwa hiyo andika tarehe ya kuisha kwa peni nyekundu kwenye kalenda, na maombi ya kuongeza peleka kabla halijaisha, maana likishakufa mtendaji ana haki ya kukuambia karatasi yako imepitwa.

Halafu mpelekee anayezuiwa nakala yake rasmi. Njia nzuri ni kupitia mpeleka nyaraka wa mahakama, au mtendaji wa kijiji, apokee aandike jina, tarehe na saini kwenye nakala inayorudi kwako. Akikataa kusaini, aliyepeleka aandike kwamba alikataa, mbele ya nani na saa ngapi, na baadaye ale kiapo kwa maandishi. Kwa sababu mtu akivunja zuio mahakama inaweza kukamata mali zake au kumfunga gereza la madai mpaka miezi 6, lakini swali la kwanza litakaloulizwa ni kama alikuwa anaijua amri, na usipokuwa na ile saini yake au kiapo cha mpelekaji, atasema yeye alisikia maneno tu kilabuni.